Mama Anayeitwa Dada

Kwenye meza ya kliniki ya wajawazito, iwe Mbagala, Buguruni au Mwananyamala, baada ya jina na umri huja swali fupi: "Hii mimba ya ngapi?" Mwanamke ameketi kwenye benchi na mumewe kando yake, maana siku hizi anayekuja na mwenza mara nyingi hutangulizwa, na wote wawili hupimwa damu siku hiyo hiyo. Mume ameomba ruhusa kazini. Ndiye aliyeshika mkoba wa mkewe. Mwanamke anajibu, "Ya kwanza," na muuguzi anaandika.

Chini ya jibu hilo kadi ina nafasi nyingine. Amezaa mara ngapi, watoto wangapi wako hai, mimba ngapi zimeharibika, aliwahi kujifungua kwa upasuaji? Sifuri, sifuri, sifuri, hapana. Na huko Muheza, au Kondoa, au Masasi, mtoto wa miaka tisa anatoka shule, anatupa begi mlangoni na kumwita bibi yake "mama".

Nataka kueleza jinsi siri hii inavyotengenezwa na jinsi inavyoila ndoa, kwa sababu hapa Dar es Salaam tunaizungumza kama umbea tu: fulani alimficha mumewe mtoto, mume kagundua, nyumba imevunjika. Ukiisikia hivyo utadhani kuna mwanamke mmoja mwongo na mwanamume mmoja aliyedanganywa. Siri hii ina watu wengi ndani yake, na mwanamke mwenyewe, mara nyingi, alikuwa bado mtoto siku ilipoamuliwa.

Siku ya kikao

Utafiti wa kitaifa wa afya wa mwaka 2022 ulikuta kwamba katika kila wasichana 100 wa miaka 15 hadi 19 nchini, 22 walikuwa wamewahi kushika mimba. Ni umri wa shule. Na kwa miaka mingi mimba ilikuwa na maana moja shuleni. Kanuni za mwaka 2002 ziliruhusu mwanafunzi kufukuzwa kwa kosa la maadili, na walimu wakuu wakaihesabu mimba kuwa kosa hilo. Mabinti walipangwa mstari wakapimwa. Juni 2017 Rais John Magufuli alisema hadharani, akiwa mkoani Pwani, kwamba katika utawala wake mwanafunzi aliyezaa hatarudi shuleni. Mlango ulifunguliwa tarehe 24 Novemba 2021, Profesa Joyce Ndalichako, aliyekuwa Waziri wa Elimu, alipotangaza kwamba waliokatiza masomo kwa ujauzito waruhusiwe kurudi.

Hesabu miaka mwenyewe. Wanawake ambao leo wako kwenye ndoa zao hapa mjini, wa miaka thelathini, arobaini, na walioshika mimba wakiwa wanafunzi, walipita kabla ya mlango huo kufunguliwa. Mbele yao kulikuwa na njia mbili tu. Mtoto ajulikane kuwa ni wake, na daftari lifungwe. Au mtoto awe wa mtu mwingine.

Kuna na suala la baba wa mtoto. Tangu Sheria ya Makosa ya Kujamiiana ya mwaka 1998, mwanamume aliyelala na msichana wa chini ya miaka 18 asiye mkewe amebaka, hata msichana akisema alikubali. Mwaka 2016 Sheria ya Elimu nayo ikarekebishwa: anayempa mimba mwanafunzi anakabiliwa na kifungo cha miaka 30. Sheria hiyo naiunga mkono kwa moyo wote. Lakini naijua kazi inayofanya ndani ya kikao cha ukoo pale mhusika anapokuwa jirani, mwalimu, au, Mungu atusamehe, binamu au mjomba. Kumtaja binti kuwa mama ni kumtaja na mwanamume. Basi wazee "wanamalizana". Inatolewa mbuzi, inatolewa pesa ya matunzo ya miezi michache, mambo yanazikwa. Siri moja inawafunika watu wawili, na anayenufaika zaidi ni yule asiyebeba mimba.

Kikao chenyewe huchukua alasiri moja. Wajomba, shangazi, bibi. Binti yuko jikoni au chumbani, anasikia kwa ukuta. Akija kuitwa, mambo yameshaamuliwa: utakwenda kwa mama mkubwa mpaka ujifungue, mtoto atabaki na mama, wewe utahamia shule nyingine. Atakuita dada.

Tuwe wakweli hapa. Kwa wengi huo ulikuwa uamuzi wa huruma. Mama aliyekubali kulea kichanga akiwa na miaka hamsini, akasingizia watu kwamba "Mungu kanipa kitinda mimba," alikuwa anamwokoa bintiye. Siri hii haikuanza kama hila dhidi ya mume. Mume hakuwapo, hakuna aliyemjua, labda naye wakati huo alikuwa darasani kwao Songea. Shida ni kwamba kikao hupanga njia ya kuingilia tu, hakipangi njia ya kutokea. Hakuna mzee aliyesema, "Na siku akiposwa, nani atasema?"

Kisha yanakuja maandishi. Tangazo la kizazi linajazwa jina la bibi na la babu, na kwa karatasi hiyo RITA, wakala wa serikali wa usajili wa vizazi, wanatoa cheti cha kuzaliwa. Kutoa taarifa za uongo kwa msajili ni kosa kisheria, lakini hakuna anayeliona hivyo siku ile. Na Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009, kifungu cha 6, inampa mtoto haki ya jina, ya uraia, na ya kuwajua wazazi wake waliomzaa. Haki hiyo ya tatu inafutwa kwa kalamu ileile inayompa mtoto jina.

Jiji lisilomjua mtu

Kijijini siri hii si siri. Majirani waliona tumbo, au waliona binti akiondoka na kurudi amenenepa. Wanajua na wananyamaza, kwa sababu kila nyumba ina la kwake. Lakini Dar es Salaam haijui. Msichana anashuka Ubungo, au siku hizi stendi ya Mbezi, na begi lake moja, na kwa mara ya kwanza tangu azae anakutana na watu wasio na habari zake. Ni nafuu kubwa. Nimewasikia wanawake wakiisema nafuu hiyo kwa maneno yaleyale: "Nilipumua."

Akipata mchumba, anapima. Anayajua maneno ya mjini: kazalishwa, singo maza, katumika. Anajua mahari ya "aliyetangulia kuzaa" hupunguzwa katika koo nyingi. Anamuuliza shangazi, anamuuliza somo wake, na ushauri unaokuja umefungwa kwenye neno zuri kabisa la lugha yetu: jisitiri. Sitara ni jambo jema. Dini inatufundisha kutokwenda kuyatangaza makosa yetu wenyewe. Lakini angalia neno hilo linavyohama. Linaanza kwa kumsitiri binti na aibu, linaishia kumsitiri mtoto asionekane, kana kwamba yeye ndiye aibu.

Mwanamume mwenyewe, mara nyingi, ana mtoto wa ujanani huko kwao na anamtaja bila wasiwasi, na upande wa mke wanasema, "Mwanamume lazima awe na historia." Linanichoma kila ninapolisikia. Katika ndoa moja, mtoto wa mume ana kiti mezani na mtoto wa mke hana hata jina lake.

Undugu ukibadilishwa majina

Hapa ndipo kiini cha mambo, na ndipo watu wanapopapita haraka. Siri hii haimfichi mtoto. Mtoto anaonekana, anakuja Dar likizo ya Desemba, analala sebuleni, anatumwa dukani. Kinachofichwa ni jina la undugu. Na kwetu sisi jina la undugu ndilo linalosema nani anamheshimu nani, nani anamtania nani, nani anamrithi nani na nani ni mwiko kwa nani.

Mama akiitwa dada, basi bibi ameitwa mama. Wajomba wa mtoto wamekuwa kaka zake. Watoto ambao mwanamke atawazaa na mumewe, ambao ni ndugu wa tumbo moja na yule wa kwanza, watamwita "mama mdogo" au "mjomba". Na mume, ambaye kwa haki angeitwa baba, anaitwa shemeji.

Shemeji na baba ni vitu viwili vilivyo mbali. Kwa baba kuna adabu. Kwa shemeji kuna utani. Mwanamume anaweza kumwita mdogo wa mkewe "mke mdogo" mbele ya watu wote, akamwambia "dada yako akinisumbua nahamia kwako," na nyumba nzima ikacheka, na ikawa ni heshima ya desturi. Sasa fikiria binti ana miaka kumi na sita, yuko likizo, na mtu anayemtania hivyo ni mume wa mama yake mzazi. Mwanamke yuko jikoni anakuna nazi. Anasikia. Hawezi kusema, "Acha," kwa sababu utani huo ni halali kwa kila mtu isipokuwa kwa anayejua.

Jambo hili linaenda mbali kuliko utani. Katika Uislamu, mtoto wa kike wa mke uliyekwisha kuingiliana naye, yule anayeitwa rabiba, ni haramu kwako kumuoa milele. Dada wa mke ni haramu kwa muda tu, maadamu ndoa ya dada yake ipo. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 nayo inakataza mtu kumuoa mtoto wa mwenza wake au wa aliyekuwa mwenza wake. Na zipo koo ambazo mke akifariki, mdogo wake huombwa aje ashike nyumba na kulea watoto. Unaona kinachoweza kutokea? Mwanamke akifa na siri yake, familia inaweza kumpelekea mjane mtoto wa marehemu, kwa baraka zote, na waliobaki wanaojua ukweli wakajikuta kwenye kona ambayo hawakuiona siku ile ya kikao.

Mwili una kumbukumbu yake

Nirudi kliniki. Muuguzi haulizi mimba ya ngapi kwa udaku. Jibu lile linaamua mengi.

Mwanamke aliyewahi kupasuliwa ana kovu kwenye mji wa mimba, na kovu hilo linaweza kuachia wakati wa uchungu. Huyo hapaswi kujifungulia mahali pasipo na chumba cha upasuaji. Kovu la nje ni gumu kulificha, ingawa nimesikia limeitwa "operesheni ya kidole tumbo" kwa miaka minane. Aliyewahi kuvuja damu nyingi alipojifungua anaweza kuvuja tena, na wahudumu wanatakiwa kujiandaa mapema.

Halafu kuna kundi la damu. Wapo wanawake wachache wenye damu hasi, yaani O hasi, A hasi na kadhalika. Mwanamke wa namna hii akizaa mtoto mwenye damu chanya, mwili wake unaweza kujifunza kuipiga vita damu hiyo. Mtoto wa kwanza kwa kawaida husalimika. Wanaofuata ndio wanaoumia: manjano kali, upungufu wa damu, wengine kufia tumboni. Kinga ipo, sindano ya anti-D, ambayo hutakiwa kuchomwa ndani ya saa 72 baada ya kujifungua. Binti aliyejifungulia kwa mama mkubwa usiku, kwa siri, hakuchomwa sindano hiyo. Miaka kumi baadaye anaandikiwa "mimba ya kwanza" na mhudumu anaweza kuiona hatari kuwa ndogo kuliko ilivyo.

Kwa hiyo kama wewe ni mwanamke na unasoma haya ukiwa na mimba, omba uonane na muuguzi peke yako. Unayo haki hiyo, na maadili ya kazi yake yanamkataza kumwambia mumeo unayomwambia. Mwambie ukweli ujauzito huu ni wa ngapi. Mengine ya ndoa yanaweza kusubiri, hili halisubiri. Wazee walisema mficha uchi hazai.

Lililo chungu zaidi ni pale mimba inapokataa kuja. Madaktari huanza kuzungumzia ugumba pale wenza wanapokaa mwaka mzima bila kinga na bila mimba, na swali lao la kwanza ni kama mwanamke amewahi kuzaa. Jibu linabadili njia yote ya uchunguzi. Aliyewahi kuzaa na sasa hapati huchunguzwa zaidi mirija, kwa sababu maambukizi baada ya uzazi wa kwanza, hasa uliofanyika mafichoni, yanaweza kuiziba. Au tatizo liko kwa mume, na kipimo cha mbegu kingelionyesha mapema. Mwanamke anayajua haya nusunusu. Anajua kwamba tumbo lake lilishawahi kubeba. Na anakaa kwenye mkeka, mawifi wamekuja kutoka Ukonga, anaambiwa mbele ya watu kwamba ameikalia ndoa ya kaka yao bure, kwamba mti usiozaa hukatwa. Neno moja lingemtoa kwenye aibu hiyo, na lingemtumbukiza kwenye nyingine. Ananyamaza, anawapakulia wali.

Sijui upweke ulio mkubwa kuliko huo.

Siku kwa siku

Katika nyumba yenye siri hii, pesa ndiyo hujitokeza kwanza. Ada, sare, dawa ya malaria. Mwanamke anaingia vikoba viwili, anamwambia mume mchezo ni wa laki moja kumbe ni wa mbili. Simu yake ina namba iliyohifadhiwa "Fundi Cherehani". Mume akiuona muamala wa elfu sitini kwenda Muheza mara ya tatu ndani ya mwezi, anachodhani si mtoto. Anadhani mwanamume. Na mke hawezi kujitetea, kwa kuwa utetezi wake ndiyo siri yenyewe. Ndoa nyingi za aina hii hutafunwa na wivu wa kitu kisichokuwepo, huku kile kilichopo kinakula ubwabwa sebuleni.

Pili ni hofu ya furaha. Mtoto wa ndoa anapozaliwa na watu wakaja na beseni, kanga na sabuni, na shangwe za "mama wa mara ya kwanza", mwanamke analia na kila mtu anasema ni uzazi. Mama mkwe anamfundisha kumfunga mtoto mgongoni. Anajifanya hajui.

Wapo wanaoanza kumchukia mtoto wa kwanza, na wapo wanaompendelea kupita kiasi mpaka mume anauliza, "Mdogo wako huyu mbona unamdekeza kuliko wanetu?" Nimeyaona yote mawili ndani ya mwanamke mmoja, wiki moja.

Nimemwona kwa sababu mimi ndiye mdogo wake.

Wasifu wa marehemu

Nililelewa Muheza na bibi niliyemwita mama. Dada yangu alikuwa ameolewa Tabata, na kila Desemba nilipanda basi kwenda kwake. Shemeji alikuwa mtu wa mzaha, dereva wa lori la kampuni, akija na safari ananiletea korosho au mapera. Aliniita mke mdogo. Nilimpenda sana, na bado nampenda.

Bibi alipofariki nilikuwa kidato cha pili. Kanisani, kabla ya mahubiri, mzee wa kanisa akasoma wasifu: alizaliwa lini, alibatizwa lini, aliolewa lini. Mwishoni: "Marehemu ameacha watoto wanne na wajukuu saba." Tulikuwa tumesimama mstari wa mbele, watoto wa marehemu, tumejifunga kanga zinazofanana. Tulikuwa watano.

Karatasi ile ilikuwa imeandikwa na shangazi. Baadaye alisema yeye hawezi kumsomea maiti uongo. Watu wengi hawakusikia chochote, wasifu husikilizwa kwa sikio moja. Shemeji alikuwa amekaa benchi la pili. Nilimwona akituhesabu. Alianza kwa mjomba mkubwa, midomo yake ikitikisika kidogo, akafika kwangu akasimama, akarudi mwanzo akahesabu tena.

Hakuuliza msibani. Aliuliza wakiwa wamesharudi Tabata, siku ya arobaini imepita, na swali lake halikuwa nililolidhani. Hakuuliza baba yake ni nani, hakuuliza mbona ulinidanganya. Aliuliza: "Siku nimekuja kutoa mahari, mle chumbani nani alikuwa hajui?" Na yeye, ninayemwita mama sasa, akamjibu ukweli: "Wewe na watu wako."

Ndilo jibu lililomvunja. Nimeongea na wanaume wengine waliopita njia hiyo, na karibu wote wanarudi palepale. Mtoto wangemzoea. Hata uongo wa mke, wengine husema, wangeuelewa. Kinachowakata ni ile picha ya ukwe mzima umekaa mkekani, unakula pilau, unampongeza, na kila mmoja akijua asilolijua yeye. Anajiona alichezewa na kijiji kizima. Na kwa shemeji kulikuwa na la ziada alilokuja kulisema baada ya muda mrefu, akiwa ameinamisha uso: "Nimemwita mwanangu mke." Kwa miezi mingi hakuniita jina lolote. Nikipita aliangalia pembeni.

Sheria inasemaje

Watu wengi huamini kwamba kumficha mume mtoto kunabatilisha ndoa. Kwa Sheria ya Ndoa, hapana. Kifungu cha 39 kinataja mambo yanayoweza kuifanya ndoa kubatilishwa na mahakama, na mojawapo ni mke kuwa mjamzito, siku ya ndoa, kwa mimba ya mwanamume mwingine. Mume anatakiwa awe hakujua, na afungue shauri ndani ya mwaka mmoja tangu ndoa. Mtoto aliyezaliwa kabla, hata akifichwa, hayumo humo.

Kinachobaki ni talaka, na hapo mahakama huuliza kama ndoa imevunjika kiasi cha kutorekebishika. Kabla ya kufika huko wanandoa hupelekwa kwanza kwenye Bodi ya Usuluhishi wa Ndoa. Za kidini zipo na za serikali zipo. Bodi hizi zina sifa mchanganyiko, lakini kwa jambo hili zinasaidia, maana kwa mara ya kwanza mume anaongea mbele ya watu ambao hawakuwamo kwenye ile siri. Na mke asidanganywe kwamba kwa kuwa alificha basi anatoka mikono mitupu. Tangu Mahakama ya Rufani ilipoamua shauri la Bi Hawa Mohamed mwaka 1983, kazi za mke nyumbani huhesabiwa katika mgawanyo wa mali waliyochuma pamoja.

Wakatoliki wana njia nyingine. Sheria ya Kanisa, kanoni ya 1098, inasema ndoa iliyofungwa kwa hila juu ya sifa ambayo kwa asili yake inaweza kuvuruga sana maisha ya ndoa si halali. Mume anaweza kupeleka shauri kwenye mahakama ya Kanisa, nayo hupima kila kesi kwa ushahidi wake.

Kusema

Nimeulizwa na wanawake, wengine wakinong'ona saluni, kama waseme au wafe nayo. Siwezi kumwamulia mtu ambaye mume wake ana mkono mwepesi. Anayehofia kupigwa aanze na usalama wake: amwambie mtu mmoja anayemwamini, ajue dawati la jinsia la polisi lililo karibu naye, asiseme usiku wakiwa wawili ndani.

Kwa wengine nasema hivi. Mtoto asijue kwa ugomvi. Mimi nilijua kwa kumwona mtu akinihesabu, na ningetoa chochote nijue kwa mama mwenyewe, mchana, tukiwa tumekaa. Mtoto mdogo anaweza kuambiwa kwa maneno mepesi kwamba mama alimzaa akiwa bado msichana na bibi akasaidia kulea. Watoto huyapokea hayo kuliko tunavyodhani. Lakini aanze kuambiwa mume au mtoto? Kwa maoni yangu mume kwanza, kwa siku chache tu, ili mtoto asiachiwe kubeba siri mpya.

Na mwanamke asiende peke yake. Kikao kilichomtwika siri hii kina wazee walio hai. Waje wao, shangazi aje, mjomba aje kutoka Muheza na nauli yake mwenyewe, wakae mbele ya mume waseme: tuliamua sisi, huyu alikuwa na miaka kumi na tano. Kwangu mimi hili ndilo lililoiokoa nyumba ya Tabata. Mjomba alikuja. Alikaa kwenye kochi saa nzima hawezi kuanza, kisha akavua kofia, akasema alichokuja kusema. Shemeji alilala sebuleni miezi mingine minne baada ya hapo. Lakini alianza kula chakula cha nyumbani.

Barua yangu ya posa ilikuja miaka kumi na miwili baadaye. Mshenga aliuliza aipeleke wapi, Muheza kwa wajomba au wapi, nami nikampa maelekezo ya Tabata, nyumba ya geti la kijani. Walikuja watu watano Jumamosi asubuhi. Yule niliyekuwa nikimwita shemeji aliipokea bahasha kwa mikono miwili, akaiweka mapajani bila kuifungua.

"Kabla sijasoma," akasema, "huyu mnayemfuata mama yake alimzaa kabla mimi sijamuoa. Nataka mlijue nyote mliomo humu ndani, leo hii, pamoja."

Jikoni, sauti ya masufuria ilikatika.